Filimbi ya Mtoto Mikononi mwa Jung Jae-il

Nilipoangalia Squid Game, ile tamthilia ya Korea ya michezo ya kitoto ambamo anayeshindwa huuawa, mwaka 2021, kilichonibaki kichwani si damu wala yule mdoli mkubwa. Ni filimbi. Ile filimbi ya shule, ya mwanafunzi anayeanza, sauti nyembamba inayoyumba kidogo kana kwamba anayepuliza anamwogopa mwalimu. Mapigo yake ni matatu, matatu, kisha saba, yaleyale ambayo Wakorea hupigia makofi wakishangilia michezo. Jung Jae-il, mtunzi wa muziki wake, angeweza kutuletea okestra nzima. Akachukua ala ya mtoto, akaiweka mlangoni mwa mauaji.

Huyu si mtu aliyeibuka jana, na inaniuma akitajwa hivyo. Alizaliwa 1982. Mwaka 1999, bado kijana mdogo, alikuwa anapiga gitaa la besi katika bendi ya Gigs pamoja na wanamuziki waliomzidi umri. Mwaka 2014 alitoa albamu na Han Seung-seok, mwimbaji wa pansori, ule uimbaji wa kale wa Korea ambapo mtu mmoja husimulia kisa kirefu kwa sauti yake huku mwenzake akimpigia ngoma. Naamini subira aliyonayo kwenye filamu aliitoa huko.

Chukua Parasite, filamu ya 2019 aliyoitungia muziki. Familia maskini ya Kim inataka kumwondoa mtumishi wa nyumba ya tajiri, na silaha yao ni vumbi la ngozi ya tunda la pichi, kwa sababu mama wa watu linamdhuru. Wimbo unaobeba mpango huo wote unakwenda takriban dakika 7. Fumba macho usikilize: fidla zinapanda kwa madaha, utadhani ni sherehe ya kifalme. Fumbua macho: maskini anampokonya maskini mwenzake tonge mdomoni. Muziki haumlaani mtu. Unawapa heshima waliyokuwa wanaitamani, na ndiyo maana moyo unauma. Nimerudia kipande hicho sijui mara ngapi.

Basi nina ombi moja. Filamu hiyo ikiisha, usiinuke. Majina yanapopita kuna wimbo kuhusu glasi ya soju, pombe ya Kikorea: maneno ni ya mwongozaji Bong Joon-ho, muziki ni wa Jung, na anayeimba ni Choi Woo-shik, yule aliyecheza mtoto wa kiume wa familia ya Kim. Kijana bado anahangaika na maisha, na wengi wetu tumeshazima.