Wanazi wamejificha mwezini, lakini wanaochekwa si wao

Ukimsimulia mtu hadithi ya Iron Sky atadhani una homa. Mwaka 1945, vita vikiwaendea kombo, Wanazi wanapanda vyombo vyao na kukimbilia upande wa mwezi usioonekana kutoka duniani. Huko wanajenga ngome yenye umbo la swastika, wanazaa, wanasomesha watoto, wanaunda meli za vita, na ifikapo 2018 wanataka kurudi kuitwaa dunia. Ndiyo filamu yenyewe. Ni ya Kifini, imeongozwa na Timo Vuorensola, na ilizinduliwa mwaka 2012 kwenye tamasha la Berlin. Berlin, jamani!

Husemwa kuwa ni filamu ya kuwacheka Wanazi. Sikubaliani. Kumcheka Mnazi leo hakuhitaji ujasiri wowote. Aliyeshindwa hana wa kumtetea. Anayepigwa hasa humu ni rais wa Marekani, mwanamke asiyetajwa jina ila kila mtu anamwona Sarah Palin, yule mwanasiasa wa Republican aliyegombea umakamu wa rais mwaka 2008, pamoja na Vivian, mshauri wake wa kampeni. Rais anataka muhula wa pili, basi anampeleka mwezini Mmarekani mweusi, James Washington. Jamaa ni mwanamitindo, wala si mwanaanga. Kilichotakiwa ni picha ya bango.

Kisha Wanazi wawili wanatua New York, mmoja wao mwalimu aitwaye Renate Richter. Huyu binti anaamini kwa moyo mweupe kabisa kwamba dunia inaumwa na wao ndio madaktari wake. Vivian anamsikiliza, anaona kura. Baada ya muda mfupi rais anayatema maneno yale yale jukwaani, na umati unashangilia. Hakuna aliyelazimika kubadili itikadi. Hotuba ilikuwa tamu, ikachukuliwa.

Lakini kipande ninachokipenda kuliko vyote kinamhusu Charlie Chaplin, yule mchekeshaji wa filamu za zamani. Kule mwezini Renate huwaonesha wanafunzi wake filamu fupi, kama dakika kumi hivi, ambamo dikteta anacheza na dunia iliyo puto. Kwake hiyo ni kazi ya kumsifu kiongozi aliyeipenda dunia. Alipofika New York anaingia sinema, anakuta inaonyeshwa The Great Dictator ya mwaka 1940, nzima, zaidi ya saa mbili, na kumbe ni filamu ya kumkejeli Hitler. Anatoka ameduwaa. Utaona kwamba hakuna picha hata moja ya uongo aliyooneshwa kule. Zote zilikuwa za Chaplin mwenyewe. Mkasi ndio uliodanganya. Yeyote aliyewahi kutumiwa kwenye WhatsApp kipande cha hotuba ya mwanasiasa kinachoanzia katikati ya sentensi hahitaji kufafanuliwa zaidi.

Ukumbi wa Umoja wa Mataifa nao haukusalimika. Mjumbe wa Korea Kaskazini anadai vyombo vilivyoivamia dunia ni vyao, na wenzake wanaangua kicheko. Baadaye inabainika kwamba mataifa yameuvunja mkataba na kuweka silaha kwenye vyombo vyao vya angani kwa siri. Kuna aliyetimiza ahadi? Mkono mmoja tu unanyooshwa: wa Finland. Nilicheka sana hapo, ingawa ukitafakari, Wafini wamejisifu kijanja. Halafu inajulikana kuwa mwezini kuna heliamu-3, hazina kubwa ya nishati, na wajumbe wanaanza kutwangana ngumi. Wanazi wameshapigwa, na dunia ndipo inapoanza kuwaka moto.

Si kila kitu kimeniingia. Daktari wa mwezini anamdunga Washington dawa ya kumgeuza mweupe. Najua kinachokejeliwa ni wazimu wa Wanazi kuhusu rangi, ila filamu imeng'ang'ania mzaha huo mpaka umechacha. Kwa mtazamaji wa Tanzania, ambako watu wenye ualbino wamewindwa na kuuawa kwa sababu ya ushirikina, kicheko hicho hakiji upesi.

Bajeti ilikuwa takriban euro milioni 7.5, na karibu milioni moja ilitoka kwa mashabiki waliochangishana kupitia intaneti. Nadhani uhuru wake umetokea huko. Mfadhili mkubwa mwenye biashara ya kulinda Marekani angeuliza maswali kuhusu yule rais.

Sehemu ya pili ilitoka mwaka 2019, nami nasema wazi kwamba haifui dafu. Humo tunaambiwa viongozi wakubwa wa historia walikuwa mijusi waliojivika umbo la binadamu, na Hitler anatokea amepanda dinosaria. Upuuzi umeongezeka, meno yamepungua. Yule rais wa filamu ya kwanza alikuwa mtu kama sisi, aliyechaguliwa na watu kama sisi, akaipenda vita kwa sababu vita huleta kura. Mjusi hakupigiwa kura na mtu.