Gumba Langu Lilivyoitishiwa Kikao cha Ukoo

Kabla hamjanicheka, walaumuni Warumi. Wao ndio waliokuwa na panga nyingi, wakahitaji ala za kuzichomeka, na ala hizo wakazipa jina ambalo leo huwezi kulitamka mbele ya wakwe. Mkimaliza Warumi, laumuni mboga moja inaitwa Spargel.

Mimi ni mtu wa jikoni, Hamburg, kwenye mgahawa ninamotafutia riziki, kwa hiyo sitautaja. Wajerumani ni watu watulivu mwaka mzima, isipokuwa kuanzia Aprili hadi tarehe 24 Juni. Huo ndio msimu wa Spargel, mmea mweupe unaofukiwa kwenye matuta ya udongo ili usionje jua. Ukichipua unachimbuliwa, unapangwa kwenye kreti, kisha unaletwa kwangu niumenye. Ladha yake, tusemeane ukweli, ni ya siagi wanayoumwagia. Lakini lazima umenywe, kijiti kimoja kimoja, kuanzia chini kidogo ya kichwa hadi mwisho, maana ukiliacha ganda mteja anatafuna nyuzi na malalamiko yanakuja kwangu. Gumba linasukuma, kifundo cha mkono kinapinda, gumba linasukuma tena. Kreti ikiisha, nyuma yake ipo nyingine.

Mei haijaisha, mkono wa kulia ukaanza kuniuma upande wa gumba. Kufungua chupa ya maji, kazi. Kufunga vifungo vya shati, kazi. Ya chooni siyasemi. Pakavimba, na kila nikisogeza gumba nasikia kitu kinakwaruza kwa ndani.

Daktari alikuwa mama mmoja mkavu, asiyepoteza neno. Akaniambia nikunje gumba, nilifunike kwa vidole, nifunge ngumi. Nikafunga. Akaushika mkono wangu, akaupindisha polepole kuelekea upande wa kidole cha mwisho. Nilichotamka hakikuwa Kijerumani. Nilimwita mama yangu kwa sauti ya kufika Tanga, na huko nje chumba cha kusubiria kikanyamaza kimya. Yeye akaendelea kuandika.

Maelezo yake, lakini, yalikuwa mazuri. Misuli inayolivuta gumba iko huku juu, kwenye mkono wenyewe, na inalivuta kwa kano, zile kamba nyeupe ngumu zinazokutoa jasho kwenye supu ya makongoro. Kano 2 za gumba hupita pamoja kwenye mfereji mwembamba juu ya mfupa, na juu yake pamefungwa utepe mgumu. Zisije zikasagika, kano hizo zimevishwa ala: mfuko laini wa kuta mbili, katikati una ute wa kulainisha. Ukizidisha kumenya, ala inanenepa. Mfereji haunenepi. Kano zinakwama, na wewe unamwita mama.

Kisha akaongeza, bila hata kutabasamu, kwamba mtaani Wajerumani huuita ugonjwa huo Hausfrauendaumen, gumba la mama wa nyumbani. Nikamwambia mimi ni baba wa watoto 3. Akanijibu kwamba huwapata sana pia akina mama wanaonyanyuanyanyua vichanga. Nikaona huyu hana nia ya kunisitiri.

Nikaandikiwa mapumziko, na karatasi ya kuchukulia kifaa cha kufungia gumba. Juu ya karatasi, kwa herufi za kompyuta, ugonjwa wangu: Tendovaginitis stenosans de Quervain. Mimi macho yangu yaliishia kwenye de Quervain. Jina la mtu mwenye farasi! Nikaikunja karatasi vizuri, nikaitia mfukoni kwa fahari.

Sasa twende Tanga, ambako mdogo wangu alikuwa anaoa mwezi wa 7. Mwenyekiti wa kamati ya harusi alikuwa Mjomba, na kwenye daftari lake jina langu lilikuwa limeandikwa mkabala na neno "ng'ombe". Ng'ombe mzima. Huku Ujerumani ukiugua mshahara unaendelea hadi wiki 6, ila malipo ya saa za ziada hayamo, na yule ng'ombe miguu yake yote minne ilikuwa imesimama juu ya saa za ziada.

Nikatuma ujumbe wa sauti kwenye kundi la WhatsApp la ukoo, nikaeleza kwa unyenyekevu: nimevimba mshipa, wa mkono, daktari kanisimamisha kazi. Mjomba ana kawaida moja, hakuna ujumbe wa sauti anaousikiliza hadi mwisho isipokuwa wake mwenyewe. Aliposikia "nimevimba mshipa" akaona inatosha. Na kwetu pwani mwanamume akisema mshipa umevimba, hakuna anayefikiria mkono.

"Pole sana, mpwa wangu," akasema Mjomba. "Hayo ni mambo ya kiume. Hata mimi nilikuwa nalo."

Ndugu wote walijua linalofuata. Mjomba alipasuliwa busha zamani, wakati wa kampeni ya matende na mabusha, na hakuna msiba wala maulidi aliyohudhuria tangu hapo bila kulisimulia: ukubwa wake, uzito wake, jinsi daktari alivyoita wenzake waje waone. Akalisimulia tena, lote. Akamalizia: "Lakini busha halimzuii mtu kutoa ng'ombe. Lete cheti tukione."

Nikapiga picha ile karatasi yangu ya fahari, nikaituma.

Nilisahau kwamba kundini yumo Shangazi. Shangazi ni mkunga mstaafu, nusu ya vijana wa kata yetu wamepita mikononi mwake. Kijerumani hakijui, lakini Kilatini cha wodi ya wazazi anakijua hadi usingizini. Nikaona Shangazi anaandika. Akaacha. Akaanza tena. Akaacha.

"Mwanangu, karatasi hii ni yako au ya mkeo?"

"Yangu, Shangazi."

"Hapa pameandikwa vaginitis. Hiyo -itis mwishoni ni uvimbe. Uvimbe wa nini, sisemi, watoto wamo humu."

"Sema tu," akaandika Mjomba, "sisi sote watu wazima."

Shangazi akasema.

Ba'mdogo, ambaye hajaandika chochote tangu Idi, akaibuka na neno moja: "Innalillahi." Baada ya hapo simu yangu haikutulia tena. Mmoja akauliza kama huko Ulaya hayo hufanywa kwa lazima au nilitia saini. Mwingine akasema yeye alishasikia kwamba ni maji yao, yana dawa. Mama akapiga simu akilia: "Mwanangu, walikulaza? Ulipoamka ulijikagua?" Nikamwambia Mama, sikulazwa, nilikunja gumba tu. Akazidi kulia, maana hilo la gumba hakulielewa.

Mke wangu hakulia. Aliandika hivi: "Baba watoto, sina maneno mengi. Umeipata wapi, na kwa nani?"

Faraghani Shangazi akanitumia matibabu. Ziko dawa za kumeza, viko na vidonge vya kuweka, aliandika, na kuhusu vya kuweka akanitaka nimweleze kwanza hali halisi ikoje. Nguo za ndani nivae za pamba. Sabuni yenye manukato nisitumie kabisa. Nikapiga picha ya mkono ulivyovimba, na mshale nikauchora, nikaituma kundini. Mjomba akajibu: "Mkono tumeuona. Usituzungushe."

Akaitisha kikao cha dharura palepale kundini. Ajenda mbili: sare, na hali ya mtoto wetu aliyeko Hamburg. Baada ya dakika chache ajenda zikaungana zikawa moja. Harusi ya kwetu wanaume wana upande wao na wanawake wana wao, na kamati ilitaka kujua nikifika nikalishwe wapi. Nitolewe kwenye hesabu ya kanzu, au nisitolewe? Mweka hazina, mtu mwangalifu, akaamua kwa busara zake: fundi amshonee kanzu, na dera lilipiwe moja la akiba.

Aliyeniokoa ni mtoto wa Shangazi, anayesomea udaktari, ambaye muda wote huo alikuwa kwenye mtihani. Alipowasha simu akakuta jumbe zaidi ya mia. Akatuma sauti yake, ametulia kama mhadhiri.

Akasema vagina kwa Kilatini ni ala ya upanga, basi, hakuna zaidi. Wanaoandika majina ya viungo hulitumia popote wanapokuta kitu kimevishwa kingine. Ala ya kano ni vagina tendinis. Ala ya misuli ya mbele ya tumbo ni vagina musculi recti abdominis. Ile inayofunika mshipa mkubwa wa damu shingoni ni vagina carotica. Wanaume kwa wanawake, bila ubaguzi. Kwenye karatasi ya kaka, tendo ni kano, stenosans ni yenye kubana, na de Quervain ni Fritz de Quervain, mpasuaji wa Uswisi aliyeueleza ugonjwa huu mwaka 1895. Huyohuyo ndiye aliyepigania chumvi ya mezani itiwe madini joto ili watu wasiote rovu. Mtu mzuri tu.

"Wodini kwetu tukiandika tenosynovitis," akasema Shangazi, sauti imeshuka.

"Ni uleule, Mama. Wajerumani ndio wameng'ang'ania hilo jina jingine."

Ba'mdogo akauliza: "Kwa hiyo na mimi ninayo hiyo shingoni?"

"Unazo mbili, Ba'mdogo. Kulia na kushoto."

"Innalillahi."

Watu wakaanza kucheka, Mama akatuma mikono ya dua, mke wangu akaniandikia "pole na gumba" kwa ubaridi wa mtu aliyekuwa ameshapanga nguo kwenye sanduku. Ingeishia hapo. Lakini Mjomba alishatangaza kikao, na mwenyekiti hawezi kukubali kikao kivunjike bila azimio.

"Ya shingoni sawa, ya tumboni sawa," akasema. "Tumsamehe kijana. Lakini tuelewane: huko chini, mwanamume aliyekamilika hana kitu chenye jina la namna hiyo!"

Mwanafunzi wetu akaandika kwa muda mrefu, nadhani alikuwa anapima adabu na elimu ipi itangulie.

"Samahani, Mjomba. Ipo tunica vaginalis."

"Ndiyo nini hiyo?"

"Ni utando unaozunguka korodani. Kila mwanamume anao. Una kuta mbili, kama ala ya kano. Maji yakijaa katikati, ndiyo busha."

Kundi lenye watu zaidi ya 60 likakaa kimya. Niliweza kuwaona, kila mmoja mahali alipo, anapiga hesabu. Ukubwa wake. Uzito wake. Daktari alivyoita wenzake.

Wa kwanza kumaliza hesabu alikuwa Shangazi. "Kumbe, Shemeji," akaandika, "ndiko ulikopasuliwa."

Mkewe Mjomba, mwanamke wa staha ambaye hata salamu za asubuhi huwa hazijibu, akatuma kikatuni kimoja cha kulia kwa kicheko. Kikafuatiwa na maandishi madogo ya kijivu: Mjomba ametoka kwenye kundi.

Gumba nalo lilipona. Nililivalisha kile kifaa, nikapaka dawa, lilipokaidi nikachomwa sindano ya kotisoni hapohapo kwenye ala, na kisu hakikuhitajika. Ng'ombe alipungua akawa mbuzi 2, na hakuna aliyethubutu kuniuliza cheti.

Lakini usiku uleule wa kikao, wakati kila mtu bado anacheka, mweka hazina akaandika: "Jamani, namba ya fundi alikuwa nayo mwenyekiti. Na lile dera tumeshalilipia. Anavaa nani?"