Kanali na R ya Kutafuta kwa Tochi

Leo nimesahihishwa Kiingereza na mtoto wa dada yangu, mbele za watu, na cheti changu kipo kabatini kinasikia kila kitu.

Nilikuwa na gazeti mkononi, miwani nimeishusha puani kama jaji, nasoma kwa sauti ili waliopo wafaidike. Nikafika penye "colonel". Nikasema "ko-lo-neli", nikaisindikiza na kikohozi kidogo cha kisomi.

"Mjomba, hiyo ni kenel. Inatamkwa sawasawa na kernel, punje."

Punje! Mwanajeshi mzima, na nyota mabegani, aitwe punje? Nikalisogeza gazeti kwenye mwanga, nikahesabu: l mbili, o mbili, r hata ya dawa hakuna. Nikamwambia anionyeshe r ilipo, nami nitamwamkia yeye shikamoo. Akafungua simu, hata haraka hana. Eti Waitaliano walisema "colonnello", Wafaransa wakaigeuza "coronel", Waingereza wakachukua kote kuwili: kuandika kwa Kiitaliano, kutamka kwa Kifaransa. Yaani wazee wamegawana nusu kwa nusu, bili naletewa mimi! Sisi tulipompokea huyo bwana tukamwandika kanali, tukamwita kanali, akaenda zake kambini. Na luteni vilevile. Kumbe huyo naye kwa Waingereza ana f isiyoandikwa popote, "leftenanti". Sikuuliza. Nina presha.

Nikaona nijitetee kwa silaha nzito. "Haya, soma hili: floccinaucinihilipilification." Herufi 29, nilizikariri nikiwa kijana badala ya kutafuta mchumba. Akalisoma. Halafu akauliza maana yake. Nikajinyoosha: ni kukihesabu kitu kuwa hakina thamani.

"Si kudharau tu, mjomba?"

Watu wakacheka. Wengine nimewalisha mimi.

Baada ya hapo aliachiwa uwanja. "Indict", kumshtaki mtu, ni "indait". C imekuja kutazama kesi. "Quay", gati la meli, ni "kii". "Epitome", nililoliweka kwenye kila barua ya kuomba kazi na kulitamka "epitomu" kwenye kila usaili, lina silabi nne, "e-pi-to-mi". Sasa naelewa kwa nini wale mabwana walikuwa wanatazamana.

Lakini lililonitoa roho ni "debt". Zamani waliliandika "dette" na maisha yakaenda. Wakaja wasomi, wakachomeka b ili lifanane na "debitum" la Kilatini. Na hawaitamki! Imekaa tu katikati ya deni, haisemi, haitikisiki, haina hata aibu.

Namjua mtu wa hivyo. Alikuja kwangu usiku, "kaka, wiki moja tu." Mwezi wa nne huu. Ujumbe anausoma, alama mbili za buluu hizi hapa, kimya.

Hebu wee mtoto, lete hiyo simu yako. Namba yako haijui.