Kati Outinen na uso usiopiga kelele

Kuna watu wakishamtazama Kati Outinen husema yule mama haigizi. Amesimama tu, anatazama mbele, maneno mawili matatu, basi. Mimi katika waigizaji wote wa Ufini sijaona wa kumpita, na ninampendea hicho hicho wanachokiona upungufu.

Kwanza tujue katokea wapi. Ni mzaliwa wa Helsinki, mwaka 1961, na uigizaji aliusomea katika chuo cha sanaa za maonyesho cha hapohapo enzi za Jouko Turkka, mwalimu aliyetaka mwanafunzi atokwe jasho jukwaani, apige mayowe, mwili uchoke hasa. Waigizaji wengi wa rika lake walibaki na chapa ya mwalimu huyo. Outinen alipita humohumo akatoka na njia yake. Kwa hiyo asidhani mtu kwamba ametulia kwa kukosa sauti.

Mtazame katika filamu ya Tulitikkutehtaan tyttö ya mwaka 1990. Yeye ni Iris, binti wa kiwanda cha viberiti ambaye mshahara wake unaishia kwa mama na baba wa kambo. Anakwenda dansini. Wanawake wamekaa wamepanga mstari, wanaume wanakuja, wanawainua mmoja baada ya mwingine. Anabaki yeye. Halii, hanung'uniki, amekaa vilevile. Sehemu hiyo nimeirudia mara nyingi na bado inanikaba koo.

Wengi watakutajia tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, la 2002, alipotwaa tuzo ya mwigizaji bora wa kike akiwa Irma wa Jeshi la Wokovu katika Mies vailla menneisyyttä. Alistahili kabisa. Mwaka huohuo akaanza kazi ya uprofesa wa uigizaji katika chuo kilekile alichosoma, akaifanya hadi 2013.

Lakini kwangu kazi yake kubwa kuliko zote ni Kauas pilvet karkaavat ya 1996. Mhusika mkuu alikuwa awe Matti Pellonpää, yule waliyecheza pamoja miaka kumi nyuma katika Varjoja paratiisissa, yeye mzoa taka, Kati keshia wa supamaketi. Pellonpää akafariki 1995, ana miaka 44 tu. Mwongozaji Aki Kaurismäki akaiandika upya hadithi, uzito wote ukamwangukia Outinen: Ilona, msimamizi wa wahudumu katika mkahawa unaofungwa, na mumewe dereva wa tramu naye kazi imeota mbawa.

Nyumbani kwao kuna picha ya mtoto mdogo, mtoto waliyempoteza. Ilona anasimama mbele yake, anaitazama. Hasemi kitu. Mtoto wa kwenye ile picha ni Pellonpää mwenyewe, enzi za utoto wake. Mwigizaji anamlilia mwenzake mbele ya kamera bila hata chozi, na sisi tunaambiwa haigizi!

Kama hujawahi kumwona, anza na hiyo ya 1996. Ukifika penye ile picha, simu weka pembeni.