Ryo Kawasaki hakuliacha gitaa

Mwaka wangu wa kwanza kwenye bendi nilikuwa napiga rithimu, na usiku mmoja, harusini Morogoro, gitaa langu likaanza kuvuma. Ule mvumo mzito wa umeme unaokaa chini ya kila wimbo kama nzi ndani ya kawa. Nikishika nyuzi, haubadiliki. Nikishika chuma cha jeki, pale waya wa gitaa unapochomekwa, unakufa palepale. Bibi harusi alipokwenda kubadilisha gauni, bendi ikapumzika, nikatafuta bisibisi nikafungua kifuniko cha nyuma. Kiwaya chembamba, chembamba kuliko mguu wa mbu, ambacho kilitakiwa kufika kwenye daraja la nyuzi, kilikuwa kimechomoka. Kiongozi wetu akanikuta nimelilaza gitaa mezani, skrubu ziko kwenye sahani ya pilau. "Mdogo wangu," akaniambia, "mpigaji hafungui gitaa. Mpelekee fundi. Wewe kazi yako vidole."

Alikuwa mtu mwema na alinifunza mengi. Lakini neno lile sikulikubali siku ile, na silikubali leo. Miaka kadhaa baadaye ndipo nikakutana na maisha ya Ryo Kawasaki, mpiga gitaa na mtunzi wa Kijapani, na nikaona kwamba ubishi wangu ulikuwa na mwenyewe tangu zamani.

Kawasaki alizaliwa Tokyo, mtaa wa Koenji, tarehe 25 Februari 1947, mji ukiwa bado chini ya Wamarekani baada ya vita. Baba yake alikuwa mwanadiplomasia aliyekwisha zunguka Marekani na Uchina, na mtoto huyu alimpata akikaribia miaka 60. Mama yake alikulia Manchuria, kaskazini-mashariki mwa Uchina, na alijua lugha kadhaa. Nyumba ya namna hiyo humpeleka mtoto kwenye kila darasa: piano na baleti, kuimba na kusoma noti, na fidla. Alijua kusoma muziki kabla hajaanza shule ya msingi.

Hayo ni ya watoto wengi wa familia zilizosoma. Linalonivuta mimi ni mkono wake wa pili. Mtoto huyohuyo alikuwa anaunda redio, anaunda televisheni, na anajitengenezea darubini ya kutazama nyota. Alipofika sekondari na kuunda kikundi chake cha muziki, alijenga kinanda cha umeme kwa mikono yake, kitu kinachokaribia sinthesaiza, yaani mtambo unaounda sauti kwa umeme, wakati jina lenyewe halijawa na maana kwa wapigaji wengi. Ukulele alinunua akiwa na miaka 10, gitaa la kwanza akalipata akiwa na 14. Kwa hiyo tusikosee mpangilio: kwake yeye kuchomea waya kulitangulia gitaa.

Jazi ilimwingia kupitia Midnight Blue, albamu ya mpiga gitaa Kenny Burrell. Akiwa na miaka 16 alikuwa tayari analipwa kupiga kwenye kabare za Tokyo. Wazazi wake walimtaka asome, naye akasoma: aliingia chuo kikuu akachukua fizikia, akajikita kwenye fizikia ya kwanta, akatoka na shahada ya sayansi. Kisha akafanya kazi ya fundi sauti studioni, huku anapiga jukwaani na kurekodi. Akiwa na miaka 22 alirekodi albamu yake ya kwanza. Kwao alishakuwa na jina, na mtu mwenye jina kwao ana kila sababu ya kubaki kwao.

Mwaka 1973 akapanda ndege kwenda New York.

Wapo wanaopenda kuisimulia sehemu hii kama muujiza, na kweli mambo yalikwenda haraka mno. Ndani ya miezi michache Gil Evans alimchukua kwenye okestra yake. Evans ndiye aliyempangia Miles Davis, mpiga tarumbeta wa jazi, muziki wa albamu ya Sketches of Spain, na alikuwa na deni la moyoni: alipanga kukutana na Jimi Hendrix wafanye kazi pamoja, na Hendrix akafariki Septemba 1970 kabla ya kukutana. Mwaka 1974 Evans akarekodi na okestra yake albamu nzima ya nyimbo za Hendrix, na gitaa mojawapo humo ni la Kawasaki. Fikiria mzigo huo. Umetoka Tokyo majuzi, unapewa gitaa kwenye nyimbo za mtu ambaye kila mpiga gitaa duniani anamwogopa hata kaburini. Baada ya hapo akapiga na Chico Hamilton na Elvin Jones, wapiga ngoma wawili ambao hawana subira na gitaa legelege.

Kampuni ya RCA ikatoa albamu yake Juice mwaka 1976. Hiyo ndiyo watu wengi wanamjulia. Wimbo wa Raisins una mdundo mzito ambao hata asiyejua jazi ataanza kutikisa kichwa, na gitaa lake linaingia kwa maneno machache, kama mzee anayesubiri vijana wamalize. Mimi lakini naipenda zaidi Mirror of My Mind ya mwaka 1979, yenye sauti ya mwimbaji Radha Shottam na saksafoni ya Michael Brecker. Kwenye Trinkets & Things kila mtu anakimbia. Kwa miaka mingi nilidhani uzuri wa wimbo ule uko kwenye mbio. Sasa nasikia kwamba gitaa ndilo linalowaachia wenzake nafasi, na mbio zinasikika kwa sababu yeye anajua pa kunyamaza.

Sasa tufike kwenye ubishi wangu. Maisha yake yanaweza kusimuliwa hivi: alipanda hadi mwishoni mwa miaka ya sabini, halafu akapotea kwenye mitambo. Akahangaika na sinthesaiza za gitaa, akakaa mbele ya kompyuta, akatoa muziki wa disko, na mwisho akarudi kwenye gitaa kama mwana mpotevu. Simulizi hiyo ni nyepesi kumeza, na mimi naona inamdhulumu. Mtu hawezi kurudi mahali ambapo hakuondoka.

Angalia kazi yenyewe: sinthesaiza ya gitaa inatakiwa ijue noti unayopiga, ndipo itoe sauti nyingine. Ukibonyeza kinanda, umefungua swichi: mashine inajua papo hapo umebonyeza noti gani. Uzi wa gitaa haumwambii mtu kitu. Unatetemeka tu, na mashine inabidi ihesabu mitetemo ndipo ijue ni noti ipi. Uzi mwembamba kabisa, ukiachwa wazi, hutetemeka karibu mara 330 kwa sekunde, kwa hiyo hesabu yake ni ya haraka. Uzi mnene wa juu hutetemeka mara 82 tu. Mtetemo mmoja unachukua milisekunde 12, na mashine inahitaji zaidi ya mmoja ili iwe na hakika. Wewe umeshacharaza, kidole kimeshahama, mashine bado inajiuliza umesema nini. Halafu juu ya hapo kuna kuvuta uzi, kuna kuuziba kwa kiganja, kuna nyuzi sita zinazolia kwa pamoja, ndiyo maana kila uzi unahitaji sumaku yake peke yake ili sauti zisichanganyikane.

Mtu gani anaweza kuliona tatizo hilo pande zote mbili? Mhandisi asiyepiga atakwambia milisekunde hizo ni chache. Mpigaji anazisikia kidoleni, anazisikia kama ulimi mzito. Kawasaki alishirikiana na Roland na Korg, kampuni mbili za Kijapani, katika kuendeleza sinthesaiza ya gitaa, kisha akajiundia ya kwake. Sioni hapo mtu aliyeliacha gitaa. Naona mpiga gitaa aliyeuliza swali ambalo wengi wetu hatuliulizi maisha yote: kati ya kidole changu na sikio la msikilizaji, kuna nini na nini?

Na jibu akalipeleka mahali ambapo nadhani hakuna mtu mwingine angelipeleka. Mwanzoni mwa miaka ya themanini alipiga maonyesho ya peke yake, kwa sinthesaiza yake ya gitaa, kwenye majumba ya kuonyeshea sayari na nyota. Watu wamekaa gizani, vichwa nyuma, mbingu inazunguka darini, na gitaa moja linatoa sauti za okestra. Yule mtoto wa darubini. Mwaka 1981 akatoa albamu aliyoiita Ryo, na humo akapiga Concierto de Aranjuez ya Joaquín Rodrigo kwa gitaa la nyuzi za nailoni, akisindikizwa na okestra iliyorekodiwa tayari. Ni muziki uleule ambao Gil Evans alimpangia Miles Davis miaka ishirini kabla.

Ndipo ikaja Commodore 64. Hiyo ni kompyuta ya nyumbani iliyotoka mwaka 1982, yenye kumbukumbu ya kilobaiti 64, ambayo leo haitoshi kubeba picha moja ya simu. Ndani yake mlikuwa na chipu ya sauti iitwayo SID, na chipu hiyo ilikuwa na sauti tatu tu kwa wakati mmoja. Tatu. Gitaa lina nyuzi sita. Mtu aliyekaa kwenye okestra ya Gil Evans alikaa chini akajifunza kuandika programu, akatengeneza Kawasaki Synthesizer na Kawasaki Rhythm Rocker na nyingine baada ya hizo, ili mtoto wa nyumba ya kawaida, asiye na uwezo wa kununua sinthesaiza ya studio, ageuze herufi za kibodi kuwa kinanda.

Hapa ndipo huwa napandisha sauti nikibishana na wenzangu. Mpigaji yeyote aliyewahi kupiga kwenye bendi ya watu watatu anajua sauti tatu zinakufundisha nini. Besi huwezi kuiacha. Melodia huwezi kuiacha. Inabaki moja, na hiyo moja lazima ibebe rithimu, ibebe kodi, yaani noti zinazolia pamoja, na ijifanye kuna watu wengine kumi nyuma yake. Hiyo ndiyo kazi ya mpiga gitaa wa bendi ndogo tangu bendi zianze. Kwa hiyo sishangai kwamba mpiga gitaa aliielewa chipu ile.

Sitasema kila kitu alichofanya kilikuwa kizuri. Mwishoni mwa miaka ya themanini, akiwa New York, alitoa kupitia lebo yake mwenyewe ya Satellites nyimbo za kucheza klabuni, na nyingi hazinigusi. Ngoma ya mashine inakwenda mbele, gitaa limefichwa au halipo. Ninaweza kuheshimu kwamba alimiliki lebo, alirekodi mwenyewe na kuuza mwenyewe, halafu bado nikasema wazi kwamba naikosa mikono yake mle ndani. Ilimgharimu pia. Waliomkumbuka kwa Juice hawakumfuata kwenye klabu, na watu wa klabu hawakuwa na habari na Juice.

Miaka ya tisini alirekodi tena gitaa la akustika, peke yake, bila waya. Ninaposikiliza rekodi hizo sisikii mtu aliyetubu. Nasikia mtu ambaye amekwisha lifungua gitaa mpaka ndani ya ndani na sasa analijua kama nyumba yake gizani. Nafasi kati ya noti na noti ni ndefu kuliko ujanani. Besi inatembea kwa kidole gumba huku vidole vingine vinajibu, na hakuna kinachosukumwa.

Alimalizia maisha yake Estonia, nchi ndogo ya pwani ya Baltiki. Huko aliandika muziki wa baleti iitwayo Still Point, yeye aliyevishwa viatu vya baleti utotoni. Alikuwa na watu wa kupiga nao, alikuwa na jukwaa, na wakati huohuo vijana wa Ulaya na Marekani wakaanza kuzitafuta sahani zake za miaka ya sabini, zikachapishwa upya. Alifariki Tallinn tarehe 13 Aprili 2020, akiwa na miaka 73. Dunia ilikuwa imejifungia ndani mwezi ule, vifo vilikuwa vingi, na habari yake ilipita kimyakimya. Mimi mwenyewe nilichelewa kuipata, na iliniuma kama nimekosa mazishi ya mtu wa nyumbani.

Ukitaka kumsikia, anza na Raisins, uipe spika yenye besi. Halafu Trinkets & Things, mara mbili, mara ya pili ufuate gitaa tu. Kisha tafuta rekodi ya Commodore 64 ikilia, kitu chochote kile, usikilize zile sauti tatu zinavyogawana kazi, na papo hapo urudie gitaa lake la akustika la miaka ya tisini. Gumba chini, vidole viwili juu. Gitaa langu mimi bado ni lile la Morogoro. Kile kiwaya nilikirudisha mwenyewe usiku uleule, kabla keki haijakatwa, na hakijachomoka tena.