Sanaa Ifanyiwe Darasani, Si Jikoni Kwangu Jumapili Usiku

Jumapili moja ya muhula wa kwanza, saa tatu usiku, binti yangu alikumbuka kwamba asubuhi alitakiwa kufika shuleni na chungu. Chungu cha udongo, kiwe kimekauka, kiwe na mapambo. "Mama, mwalimu alituambia Jumatano," alisema, macho chini. Huku kwetu mtaani Umoja, mashariki mwa Nairobi, udongo si wa kutafutwa. Ni ule mweusi unaong'ang'ania viatu mvua ikinyesha na kupasuka jua likiwaka. Tulichota beseni moja nyuma ya ploti, tukakaa jikoni tukifinyanga. Kufikia saa nne alikuwa amelala, vidole bado vina tope. Nilikimalizia peke yangu, nikakitia mistari kwa uma, nikakiweka kando ya jiko la makaa kikauke upesi.

Alfajiri nilikikuta na ufa kutoka mdomoni hadi kitakoni. Alikibeba hivyo hivyo ndani ya mfuko. Jioni alirudi na daftari lililoandikwa kwamba amefikia matarajio, wala hakufurahi. Alijua chungu si chake, na mimi nilijua kwamba nimemnyima kitu.

Nimeufikiria sana ule ufa, maana somo lote lilikuwa mle. Udongo wa upande huu wa Nairobi hunywa maji ukavimba, na ukikauka husinyaa vibaya. Mfinyanzi yeyote angemwambia mtoto auchanganye na mchanga au na vigae vilivyopondwa, kisha akianike chungu kivulini, polepole, mbali na moto. Angemwambia pia ajaribu udongo mwekundu wa Kangemi, magharibi mwa jiji, aone tofauti. Mtoto angevunja viwili, cha tatu kikasimama. Badala yake chungu kilipokelewa, kikatiwa tiki, na kufikia Ijumaa kilikuwa kimetupwa.

Simlaumu mwalimu. Nimeketi katika darasa lile siku ya wazazi. Watoto 68, watatu watatu kwa dawati, na bomba la maji liko ng'ambo ya uwanja. Kipindi ni dakika 35. Katika dakika hizo agawe karatasi, achanganye rangi, watoto wachore, waoshe brashi na kupangusa madawati kabla mwalimu wa Hisabati hajabisha hodi. Haiwezekani. Ndipo kazi inapotumwa nyumbani, na ikishafika nyumbani si ya mtoto tena. Inakuwa ya mama, ya dada mkubwa, au ya kijana wa saiba anayechapisha picha kwa shilingi 20. Yule ambaye mamake anafanya zamu ya usiku kiwandani huja mikono mitupu, akaulizwa mbele ya wenzake kwa nini hakufanya. Hili ndilo linaloniuma zaidi. Somo ambalo lingeweza kumwinua mtoto asiye na kitu limegeuzwa kipimo cha nafasi aliyo nayo mzazi wake.

Sisi tuliosoma 8-4-4, mfumo wa elimu ulioanza 1985, tunakumbuka kwamba Sanaa na Ufundi ilikuwa na nafasi yake kwenye KCPE, mtihani wa kumaliza darasa la nane. Tulisuka mikeka ya karatasi. Tulichora chupa juu ya meza na kuambiwa tutafute kivuli chake kinaangukia wapi. Mapema miaka ya 2000 sanaa ikaondolewa kwenye mtihani huo, na katika nchi hii somo lisilotahiniwa halina mwenyewe. Kipindi kilibaki kwenye ratiba ukutani, lakini kilitumika kumalizia hesabu na insha. Watoto wengi walifika darasa la nane bila kushika brashi hata mara moja. Baadhi yao ndio walimu wa leo. CBC, mtaala mpya wa umilisi, ilipoirudisha sanaa darasani, waliombwa kufundisha kitu ambacho wao wenyewe hawakufundishwa.

Sekondari msingi, yaani Gredi ya 7 hadi ya 9, mambo ni mazito zaidi. Tangu masomo yapunguzwe hadi tisa mwaka 2024, uchoraji, muziki, uigizaji na michezo vimefungwa pamoja katika somo moja. Mwalimu aliyesomea michezo atawapeleka uwanjani, aliyesomea muziki ataimba nao, na uchoraji utasubiri kazi ya nyumbani.

Sasa ninayoyasema yangekuwa maombolezo tu kama Nairobi ingekuwa jiji lisilo na wasanii. Lakini wamejaa! Kikundi cha Wajukuu kutoka Lunga Lunga, Mukuru, kilionyesha kazi zake Kassel, Ujerumani, katika maonyesho ya documenta mwaka 2022, na ni mojawapo ya maonyesho makubwa kabisa ya sanaa duniani. Kibera kuna wasanii wa kikundi cha Maasai Mbili, walioanza kwa kuandika mabango ya maduka. Na kutoka lango la shule ya binti yangu hadi gereji wanakopaka matatu rangi ni mwendo wa dakika saba.

Juzi nilisimama pale nikimtazama fundi mmoja. Alikuwa na picha ya uso kwenye simu, ameigawa kwa miraba midogo. Ubavu wa gari nao alikuwa ameugawa kwa miraba mikubwa ya chaki, idadi ile ile. Akawa anahamisha mraba mmoja baada ya mwingine: jicho likaingia mahali pake, kisha pua, kisha kona ya mdomo. Watoto watano wenye sare za shule walikuwa wamekaa juu ya tairi kuukuu, kimya kabisa. Mmoja alikuwa anahesabu miraba kwa kidole. Uwiano ndio huo, ule unaomtoa jasho darasani, na pale hakuna aliyemlazimisha.

Fundi huyo aingie shuleni. Asubuhi moja kwa wiki, muhula mzima, awe na cheti cha maadili mema kama mtu yeyote anayefanya kazi na watoto, na alipwe. Nasisitiza alipwe. Tumezoea kumwalika msanii, tukampa soda na makofi, tukaita hiyo heshima. Mwalimu wa darasa abaki mle mle, ajifunze pamoja na watoto, ili mwaka unaofuata aweze kuanza mwenyewe.

Fedha zitatoka wapi? Serikali hukadiria shilingi 1,420 kwa kila mwanafunzi wa msingi kwa mwaka, na ndani yake kuna mahitaji mengi yanayogombania senti hizo. Sanaa ikiachwa igombee humo itashindwa kila mwaka. Inahitaji fungu lake, hata likiwa dogo, lililoandikwa kwa jina lake. Nairobi ina wabunge 17 wa maeneo bunge, na fedha za NG-CDF, mfuko wa maendeleo wa maeneo bunge, zimejenga madarasa mengi. Katika kila shule wanayojenga, chumba kimoja kiwe na sinki, rafu za kukaushia kazi na ukuta wa kuzitundika. Na mwalimu mkuu aunganishe vipindi viwili, sanaa ipate zaidi ya saa nzima bila kukatizwa. Hilo la mwisho halihitaji hata shilingi.

Kuna haraka pia. Januari 2026 kundi la kwanza la CBC liliingia Gredi ya 10, ambako kuna mikondo mitatu ya masomo, mmojawapo ukiwa wa Sanaa na Michezo. Wizara inalenga asilimia 15 ya wanafunzi waufuate huo, ilhali shule nyingi hazinao, zina STEM (sayansi, teknolojia, uhandisi na hisabati) na Sayansi za Jamii pekee. Atakayeweza kuuchagua kwa uhakika ni yule aliyelipiwa masomo ya kuchora Jumamosi. Mtoto wa shule ya umma Eastlands anaweza kuwa na mkono mzuri kumshinda, lakini hajawahi kupewa karatasi kubwa ajione.

Mkutano wa wazazi shuleni kwetu ni Ijumaa ya wiki ijayo, na nimeomba kuongea. Nitabeba ndoo mbili za udongo, moja ya hapa na moja ya Kangemi, pamoja na mchanga kidogo. Nimeshazungumza na fundi wa gereji. Anataka shilingi 1,500 kwa asubuhi, na aliniuliza kama watoto watahitaji chaki zao au alete zake.