Kimya cha mto Trent kimenirudisha Kunduchi

Jumamosi nimekaa kando ya mto Trent, hapa Nottingham, tangu alfajiri mpaka jua kali, na hakuna aliyenisemesha. Hatua thelathini hivi alikuwepo mzee mmoja. Tulipungiana mkono tulipofika, tukapungiana tena tulipoondoka. Basi. Alinasa samaki mkubwa, akalowesha mikono kwanza asije akamkwangua ute, akamtoa ndoano, akamrudisha majini.

Niambieni, Dar asubuhi kama hiyo unaipata wapi? Coco Beach spika zinashindana. Kigamboni ukikaa peke yako, mara muuza korosho, mara mpiga picha, mara mtu anakuuliza nani kakuudhi. Na palipotulia pamejengwa ukuta.

Najua mtasema, "Kaenda majuu juzi tu, leo anatufundisha kukaa kimya." Hapana jamani. Kimya nilifundishwa na mjomba wangu, Kunduchi, ndani ya ngalawa, nikiwa darasa la tano. Alinipitishia mshipi juu ya kidole cha shahada akaniambia, "Sikiliza kwa kidole." Changu anagonga, tasi anadonoadonoa. Tulikuwa tunashinda baharini na maneno hayafiki kumi. Bamvua, yale maji makubwa, aliijua kwa kutazama mwezi tu. Yule mzee wa Trent ana vifaa vya bei mbaya, ila elimu ile ni yetu.

Mtasema tena kwamba mvuvi wa soko la samaki la Ferry anatafuta ugali, utulivu wa nini? Mbona yeye ndiye anayeumia wa kwanza! Siku moja baruti ya wavuvi haramu ililipuka mbali, mshindo tukausikia kwenye nyayo, kupitia mbao za ngalawa. Tulipofika tulikuta vichangu vya kidole kimoja vinaelea, na chini matumbawe yamekuwa kifusi. Mjomba alikunja mshipi bila kusema neno. Kile kimya kilikuwa kingine.

Huku England mitoni, samaki kama yule wa mzee havuliwi kuanzia 15 Machi hadi 15 Juni, aachwe azaliane. Watu wanangoja. Sisi visiwa vya Mbudya na Bongoyo ni hifadhi tangu 1975, sheria tunazo, na bado inauma hivi!

Nakuja Desemba, kaskazi ikianza. Mshipi wa mjomba ninao, chubwi yake bado imefungwa. Anayejua pa kukaa kwa utulivu kati ya Kunduchi na Ununio, pasipo na ukuta, aniambie.